Shajara ya mradi: Kilwa na waliousimulia

Januari

Kazi imeanza rasmi mwezi huu. Tunaandika kitabu kidogo cha historia ya Kilwa, kwa Kiswahili, kiwafae walimu wa sekondari na yeyote anayetaka kujua mji wa Kilwa Kisiwani uliinuka vipi, ulitajirika kwa nini, uliangukaje, na tangu hapo ni akina nani wamekuwa wakiusimulia. Hilo la mwisho ndilo lililonifanya niikubali kazi. Vitabu vingi vya shule humaliza jambo lote kwa sentensi moja: walikuja Washirazi kutoka Uajemi, wakaanzisha mji. Msomaji haambiwi habari hiyo iliandikwa lini, na nani, wala nani aliipinga baadaye.

Uamuzi wa kwanza tulioafikiana: kila habari itaingia kitabuni pamoja na umri wake. Tukio likiwa la karne ya 11 na maandishi yake yakiwa ya karne ya 16, msomaji ataziona tarehe zote mbili. Nimechora jedwali la kufanyia kazi. Safu ya kwanza ni tukio, ya pili ni msemaji, ya tatu ni lini alisema, ya nne ni alikuwa na haja gani ya kusema. Hiyo safu ya nne ndiyo inayokula muda.

Februari

Mwezi mzima umekwenda kwa kisa cha nguo. Sijutii hata siku moja.

Kisa chenyewe kinajulikana: mgeni kutoka Shirazi anakikuta kisiwa kina mwenyewe, anakinunua kwa nguo, mwenyewe anahamia bara. Lakini kisa hiki kimetufikia kwa njia tatu, na kila njia ina sura yake.

Njia ya kwanza ni tarikhi ya Kiarabu ya Kilwa. Mtungaji wake alizaliwa 1499, yaani mwaka mmoja tu baada ya Wareno kuanza kufika pwani hii, akaandika akiwa mtu mzima wakati mji umeshapoteza nguvu zake. Tulicho nacho leo ni nakala ya karne ya 19 iliyotoka Unguja kwa mkono wa John Kirk, konsuli wa Uingereza, ikachapishwa na Arthur Strong mwaka 1895. Humo baba na wanawe sita wanaondoka Shirazi kwa merikebu saba baada ya ndoto ya panya mwenye mdomo wa chuma anayetafuna kuta za mji. Merikebu moja inatia nanga Kilwa. Mwenye kisiwa anataka nguo za kuzunguka kisiwa kizima, anapewa, anavuka, kisha anangoja maji yatoke arudi kuua. Mgeni anachimba mkondo ili maji yasikauke tena.

Njia ya pili ni ya João de Barros, mwandishi wa Kireno ambaye hakuwahi kufika pwani ya Afrika Mashariki. Alikaa Lisbon, akatumia karatasi zilizoletwa na askari na makarani, akachapisha mwaka 1552. Kwake hakuna panya. Kuna kijana Ali ambaye mama yake ni mtumwa wa Kihabeshi, ndugu zake, ambao mama yao ni Mwajemi, wanamdharau, naye anaondoka kutafuta mahali pake.

Njia ya tatu ni ya Kiswahili, iliyokusanywa enzi za Wajerumani na kuchapishwa na Carl Velten mwaka 1907. Hii haianzi na merikebu. Inaanza na waliokuwapo: Wamtakata, kisha Wajasi, kisha Mrimba na watu wake wa Wamachinga. Mshirazi anapofika anaomba mahali pa kukaa, anatoa zawadi, anamwoa binti Mrimba. Nguo inatandikwa Mrimba apite juu yake kwenda bara. Baadaye mjukuu anamwendea babu yake, na babu anamwachia utawala.

Ziweke hizi tatu pamoja uone. Ya Kiarabu inamhusu mnunuzi na mkataba: mji ni wetu kwa kuwa tulilipa. Ya Kireno inamhusu mtoto wa mjakazi. Ya Kiswahili inasema utawala ulipita kwa mama, na kwamba haki ya Mshirazi ilitoka kwa Mrimba. Wanahistoria wa kizazi cha Strong waliishika ya kwanza wakaiita historia, hii ya tatu wakaiita hadithi ya wenyeji. Sioni sababu ya mgawanyo huo isipokuwa moja: ya kwanza ilikuwa hati, ya tatu ilikuwa kinywa. Lakini mtungaji wa tarikhi naye alisikia kwa vinywa. Kati yake na Ali yapo mamia ya miaka.

Na kuna jambo ambalo wengi hulipita mbio. Tarikhi yenyewe inasema kwamba wageni walipofika walimkuta Mwislamu kisiwani, Muriri wa Bari, pamoja na jamaa zake, na msikiti. Hati ile ile inayotumiwa kudai kwamba Kilwa ililetwa na merikebu inakiri kwamba palikuwa na watu, na wengine wao walikuwa wakiswali. Tumeamua sentensi hiyo iwe mwanzo wa sura ya kwanza.

Machi

Sarafu. Nilidhani itakuwa sura fupi, imekuwa ya pili kwa urefu.

Watawala wa Kilwa walipiga sarafu za shaba kwa mamia ya miaka. Upande mmoja kuna jina la sultani, upande wa pili maneno ya kumtukuza Mungu yenye kina kimoja na jina hilo, kama shairi la mishororo miwili. Ni kazi nzuri mno. Tatizo la mwanahistoria ni kwamba sarafu hizo za shaba hazina mwaka wala jina la mji.

Kwa hiyo Ali bin al-Hasan, anayetajwa kuwa sultani wa kwanza wa Kishirazi, amehamishwa karne mara mbili. Waliohesabu tawala katika tarikhi walimweka karne ya 10. Neville Chittick alichimba Kilwa kuanzia mwisho wa miaka ya 1950, akachapisha matokeo kwa majuzuu mawili mwaka 1974. Yeye alitazama sarafu za Ali zinaanza kuonekana katika tabaka lipi la udongo, akahitimisha kwamba nasaba ile ilishika Kilwa mwishoni mwa karne ya 12. Hoja yake ilikuwa nzito: udongo haujui nasaba, hauna wa kumsifu.

Kisha mwaka 1984, Mtambwe Mkuu kisiwani Pemba, ikachimbuliwa hazina ya sarafu za fedha zaidi ya 2,000 pamoja na dinari chache za dhahabu za Kifatimiya. Dinari, tofauti na shaba ya Kilwa, zina mwaka. Ya karibuni kabisa ni ya 1066. Na miongoni mwa zile za fedha likaonekana jina la Ali bin al-Hasan. Mtu ambaye jina lake limezikwa pamoja na fedha za karne ya 11 hawezi kuwa ameanza kutawala mwishoni mwa karne ya 12. Wataalamu wa sarafu wakamrudisha nyuma.

Ninapenda sura hii kwa sababu inaonyesha namna fasiri inavyobadilika kwa haki. Chittick hakuwa na ubaguzi wa kumfanya aiangushe tarikhi. Aliisoma ardhi iliyokuwa mbele yake. Waliomsahihisha hawakumshinda kwa ufasaha, walimshinda kwa hazina ya fedha iliyofukiwa kisiwa kingine. Tumechora mstari wa wakati wenye nafasi zote tatu za Ali, na chini ya kila nafasi ushahidi wake.

Nimeongeza aya moja kuhusu safari za sarafu zenyewe. Sarafu ya sultani al-Hasan bin Sulaiman imepatikana Great Zimbabwe, kwenye ile njia ya dhahabu iliyoinua Kilwa kupitia bandari ya Sofala. Nyingine tano za Kilwa ziliokotwa mwaka 1944 katika Visiwa vya Wessel, kaskazini mwa Australia. Hii ya Australia tumeitaja kwa mstari mmoja tu. Inasisimua, lakini haielezi chochote kuhusu Kilwa, na msomaji akivutwa huko hatarudi.

Aprili

Ibn Battuta, msafiri kutoka Morocco. Alifika Kilwa mwaka 1331, akamkuta al-Hasan bin Sulaiman, yule aliyejulikana kwa ukarimu kwa jina la Abu al-Mawahib. Akausifu mji kuwa miongoni mwa miji mizuri kabisa. Halafu anasema nyumba zake ni za mbao.

Za mbao! Wakati ule ule Husuni Kubwa, lile jumba la mawe lenye vyumba zaidi ya mia na birika la pembe nane, lilikuwa linajengwa au limekwisha jengwa, na kibao chenye jina la sultani huyo kimepatikana humo. Baadhi ya wasomaji humtetea, wengine humshuku. Ikumbukwe aliyasimulia haya kwa mwandishi Ibn Juzayy huko Fez, Morocco, kazi ikakamilika 1355, zaidi ya miaka ishirini baada ya safari.

Mimi ninaelekea kumwamini, kwa sababu ya uchimbaji wa karibuni. Kwa miaka mingi wachimbaji wa pwani walifuata mawe. Msikiti, jumba la mfalme, kaburi la mnara. Ukifuata mawe utawaona wenye mawe. Stephanie Wynne-Jones na Jeffrey Fleisher, walipofanya kazi Songo Mnara, kisiwa jirani cha Kilwa, kuanzia 2009, walipima ardhi kwa vyombo na kuchimba hata sehemu zilizoonekana viwanja vitupu kati ya majumba. Wakakuta nyumba za udongo. Kilwa nako, tabaka za chini kabisa ni za kijiji cha nyumba za miti na udongo, watu waliofua chuma, waliofinyanga vyungu vya aina iliyoenea pwani yote, na kutoboa shanga za kombe. Mji wa mawe ulisimama juu ya mji wa udongo, kisha ukaishi nao bega kwa bega. Msafiri aliyeandika "mbao" huenda alitazama pale ambapo watu wengi walikaa.

Mwalimu mmoja anayesoma rasimu ameuliza swali lililonikalisha chini: "Sasa mtihani ukiuliza nani alijenga Kilwa, mwanafunzi wangu ajibu nini?" Nimemwahidi jibu la aya moja, lisilomwangusha mtoto na lisilomdanganya. Bado naliandika.

Juni

Mwezi wa nyaraka. Hapa ndipo moyo umekuwa mzito.

Mwaka 1776 Mfaransa aitwaye Morice alifanya mkataba na sultani wa Kilwa. Unasema apewe watumwa 1,000 kila mwaka, kwa piastre 20 kila mmoja, na sultani apate piastre mbili kwa kila kichwa. Mkataba umehifadhiwa vizuri. Tunajua bei, tunajua ushuru, tunajua jina la mnunuzi. Hatujui jina la hata mmoja wa wale elfu. Hifadhi ya nyaraka hulinda kilichoandikwa, na wanaoandika ni wenye daftari.

Katika rasimu ya kwanza sura ya biashara ilikuwa inasifu utajiri: dhahabu, pembe za ndovu, vyombo vya China. Tumeipanga upya. Watu waliouzwa sasa hawamo katika orodha ya bidhaa. Wana sehemu yao, nayo inaeleza walitoka upande gani wa bara, njia za misafara zilizoishia Kilwa Kivinje katika karne ya 19, na mashamba ya visiwani walikopelekwa. Nimeandika wazi kwamba chanzo chetu ni mkono wa mnunuzi.

Upande wa pili wa nyaraka ni zile za Wajerumani zilizomo katika Nyaraka za Taifa, Dar es Salaam, ambazo tangu 1997 zimo katika rejista ya UNESCO ya Kumbukumbu ya Dunia. Ni hazina, na ni sauti ya dola. Humo aliyepinga huitwa mwasi. Hassan bin Omari Makunganya alinyongwa Kilwa Kivinje Novemba 1895; serikali ilimwandika kama mhalifu, watu wa Kivinje wakaupa mti jina: Mwembe Kinyonga. Jina la mahali nalo ni waraka, na limedumu bila kabati.

Maji Maji tumeipa nafasi kubwa, maana Nandete, ambako pamba iling'olewa Julai 1905, ni katika wilaya hii. Kwa Wajerumani chanzo kilikuwa uchawi na ushirikina. Mwaka 1968 na 1969 wanafunzi wa historia wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walitumwa vijijini kuwahoji wazee ambao baadhi yao waliiona vita kwa macho yao. Hilo ni moja ya matendo makubwa ya kuhifadhi historia yaliyowahi kufanyika nchini. Wangengoja miaka kumi na tano tu, wasingewakuta. Kutoka humo ukaandikwa usomi mpya: Kinjikitile wa Ngarambe kama mtu aliyeyaunganisha makabila dhidi ya mkoloni, vita kama mwanzo wa taifa.

Nayo fasiri hiyo ilikuwa na haja yake. Nchi ilikuwa changa, ilihitaji mababu wa pamoja. Watafiti waliofuata wameirudia mikoa mmoja mmoja, wakaona kwamba kila mahali palikuwa na sababu zake: pamba ya kulazimishwa huku, amri za misitu na uwindaji kule, ugomvi wa machifu na majirani kwingine. Haya hayaondoi ushujaa wa mtu. Yanawarudishia watu wa kila bonde sababu zao wenyewe za kupigana.

Kuna msomaji wetu aliyetaka sehemu hii ifupishwe, akihofia tunawavunja vijana moyo. Nimekataa.

Julai

Sura ya Washirazi. Imeandikwa, imefutwa, imeandikwa.

Machi 2023 jarida la Nature lilichapisha utafiti wa vinasaba vya watu 80 wa zamani, wengi kutoka makaburi ya miji ya pwani ya kati ya mwaka 1250 na 1800, Kilwa na Songo Mnara zikiwamo. Chapurukha Kusimba ni mmoja wa watafiti wake wakuu. Wengi wa watu hao wa pwani, zaidi ya nusu ya asili yao ni ya Kiafrika, hasa kwa upande wa mama. Sehemu kubwa ya iliyobaki ni ya Asia kwa upande wa baba, na katika hiyo ya Asia Uajemi ndio mwingi. Kuchanganyika kulianza karibu na mwaka 1000. Baada ya 1500 asili ya Uarabuni inaongezeka.

Vyombo vya habari vilishangilia: tarikhi ilisema kweli! Mimi niliisoma nikamkumbuka binti Mrimba. Kama kuna simulizi lililoyaweka mambo hayo kwa umbo hilo, baba mgeni, mama mwenyeji, mtoto mrithi wa babu yake wa bara, ni lile la Kiswahili ambalo wasomi walilidharau.

Hata hivyo tumeweka mipaka. Makaburi yaliyopimwa mengi ni ya watu wa hadhi, waliozikwa karibu na misikiti. Wa nyumba za udongo hawamo kwa wingi huo. Vinasaba haviwezi kusema nani alitawala wala watu walizungumza lugha gani. Lugha iliyobaki ni Kiswahili, ndugu wa lugha za Kibantu za pwani, na watoto huichukua kwa anayewalea.

Pia tumeeleza jina lenyewe lilivyofanya kazi katika siasa. Wakoloni walipenda kuamini kwamba mawe hayawezi kujengwa na Mwafrika, hivyo Mshirazi akawa jibu lao. Huko Zanzibar, kinyume chake, kujiita Mshirazi kulikuwa njia ya kusema sisi ni wenyeji wa kale, si Waarabu wa Oman wala watu wa bara. Ndipo mwaka 1957 kikazaliwa chama cha Afro-Shirazi. Jina moja likabeba madai yanayopingana. Baada ya uhuru, wanahistoria na wanaakiolojia, Felix Chami akiwa miongoni mwa waliosema kwa sauti kubwa, walisisitiza mizizi ya Kiafrika ya miji hii, na vyungu na chuma vya tabaka za chini vikawaunga mkono. Kitabu chetu kinasimama hapo, kikiwa na mlango wazi kwa baba aliyekuja na merikebu.

Jibu la yule mwalimu limepatikana. Limeandikwa hivi: Kilwa ilianzishwa na watu wa pwani waliokuwa wakulima, wavuvi na wafua chuma, katika karne ya 11 nasaba iliyojiita ya Kishirazi ilishika utawala na kuoana na wenyeji, mji wa mawe ulijengwa na vizazi vya watu hao. Mwalimu amesema atalitumia.

Septemba

Uhifadhi wa mawe, kwa ufupi. Magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara yaliingia orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1981, yakawekwa katika orodha ya urithi ulio hatarini 2004, yakatolewa humo 2014 baada ya kazi kubwa ya kuimarisha kuta na kuzuia bahari kula ufuko. Chokaa na matumbawe havipatani na saruji, ndiyo maana ukarabati hufanywa kwa chokaa. Gereza, ile ngome ya Kilwa Kisiwani, tumelieleza kwa tabaka zake: Wareno walijenga ngome mwaka 1505, wakaondoka baada ya miaka michache, na jengo linaloonekana leo kwa sehemu kubwa ni la enzi ya Waomani.

Karatasi na sauti zina adui wengine: unyevu, mchwa, na simu inayopotea na rekodi zote ndani yake. Kwa masimulizi tunayoyakusanya sasa, kila rekodi inabaki nzima bila kukatwa, pamoja na maswali ya mhojaji, na nakala yake anabaki nayo msimuliaji au familia yake. Maswali ni muhimu. Ukimuuliza mzee "Washirazi walifika lini?" umeshampa nusu ya jibu. Tumebadilisha swali: "Uliambiwa nini kuhusu watu wa kwanza hapa, na nani alikuambia?"

Oktoba

Hali ya kazi: sura za nguo, sarafu, nyaraka na Maji Maji zimekwenda kwa wasomaji wa pili. Ya Washirazi inarudi kwangu kwa mara nyingine, maana wasomaji wawili wameisoma kila mmoja kwa namna yake, mmoja akiona tumewapendelea wageni, mwingine akiona tumewafuta. Nitazisoma alama zao zote mbili kabla ya kugusa neno.

Bado kuna sura ya Msikiti Mkuu. Tarikhi inasema uliporomoka enzi ya al-Hasan bin Sulaiman na ukakaa hivyo kwa muda mrefu kabla ya kusimamishwa tena karne ya 15. Nataka sura hiyo iandikwe na fundi wa chokaa pamoja na mwanahistoria, wakiangalia nguzo ile ile. Fundi amekubali. Tunasubiri upepo utulie tuvuke.